Kitabu cha Ngozi na Umri wa Awoi

Jumatatu, 15 Januari 1996

Mwalimu wa gumbaru, darasa letu la watu wazima, amesema kila mtu aandike mambo yake ya siku, hata mistari mitatu, mkono usije ukasahau. Mimi niliacha shule darasa la tatu nikaolewa. Mkono umeshasahau. Lakini leo nina zaidi ya mistari mitatu, na daftari hili nitalificha ndani ya gunia la unga. Nyumba hii ina macho.

Shemeji Lokiru amekuja kutoka Kaikor. Ndiye kaka mkubwa wa marehemu mume wangu, Ekuru. Hakuja na maziwa. Hakuja na mbuzi. Mtu akija mikono mitupu huku anacheka, jua kuna jambo. Alikunywa chai vikombe vitatu, akala mandazi ya wateja wangu, ndipo akasema mzee Lopeyok wa Nakalale anamtaka Awoi. Ngamia wako tayari. Hilo neno ngamia alilitaja polepole, kama mtu anayetaja malaika.

Awoi wangu! Amefaulu darasa la nane, wa pili kwa wasichana wote wa shule. Ana barua ya kuingia kidato cha kwanza Lodwar, masista watamlipia. Na Lopeyok ana wake wanne na meno manne. Nikasema hapana. Shemeji akasema mimi ni mwanamke tu, mtoto ni wa ukoo.

Tukaenda kwa chifu. Chifu akasema sheria yake ni fupi: chini ya miaka kumi na sita hakuna ndoa. Mtoto ana miaka mingapi? Nikasema kumi na minne. Shemeji akasema kumi na sita kamili, alizaliwa mwaka wa Lopiar, ule ukame uliofagia mifugo yote. Chifu akauliza kadi ya kliniki. Ililiwa na mbuzi. Mbuzi wa nani? Wa Lokiru! Siandiki zaidi.

Chifu akasema Ijumaa ya wiki ijayo kila mtu alete ushahidi. Ukiwa umeandikwa, bora.

Ukweli, hapa ndani ya gunia tu: sijui. Najua kulikuwa na manyunyu asubuhi ile. Najua nililia kisha nikacheka. Mwaka sikuushika. Nani anashika mwaka akiwa na uchungu?

Jumanne, 16 Januari

Nimepeleka mandazi kambini, kwa wakimbizi wa Kakuma. Ayen yuko palepale kwenye kona yangu. Ni Mdinka, mjane kama mimi, anauza chai na vile vidonge vyake vya unga wanavyoita legemat. Watu wanapanga foleni. Nadhani anatia kitu. Alinisalimu ejok, Mama Awoi, kwa sauti tamu. Kiturkana chake kimekuwa kizuri mno. Anajifunza ili asikie nini?

Lakini leo sikugombana, maana nilisikia wateja wake wakiongea. Kuna mzee Mnuer, Chuol, jirani ya Ayen. Alitembea kwa miguu kutoka Ethiopia na kitabu cha ngozi kifuani. Cha kale, kale hasa. Kinaeleza wakati ni nini, umetoka wapi, unakaa wapi.

Wakati! Kitu hasa kilichonipotea!

Nikamwuliza Ayen kama ni kweli. Akasema mzee ni mtu wa Mungu, nisimsumbue. Aha. Asiye na nia mbaya angesema, nenda ukaone.

Jumatano, 17 Januari

Nimekwenda kwa Chuol na tumbaku. Mrefu! Ana chale sita kwenye paji la uso, na anakunja miguu kama korongo anapoketi. Alikitoa kitabu ndani ya plastiki ya buluu. Ngozi kavu, herufi ndogo kama nyayo za siafu. Kusoma hajui. Alipewa na mtawa kipofu, na yule mtawa alimkaririsha ukurasa kwa ukurasa msimu mzima wa mvua, mpaka akakishika chote kichwani.

Akanisomea, macho kafumba. Wakati hauendi popote, alisema. Umekaa kama mlima. Sisi ndio tunauzunguka na mifugo yetu. Siku iliyopita haijafa, iko upande wa pili wa mlima, tumeiacha tu.

Nikafikiri haraka. Kama siku zote bado zipo, siku aliyozaliwa Awoi ipo. Na kama kitabu kinajua siku zilipo, hiyo kinaijua. Nikamwuliza iko ukurasa gani.

Akacheka mpaka akakohoa. Akasema humu hakuna majina ya watu, mama, malesh.

Malesh ndiyo pole yao. Kwa nini aniambie pole kama hana hatia? Anaficha.

Ijumaa, 19 Januari

Nimemwambia Awoi aende akakichungulie kitabu, macho yake ni mazima. Amekataa. Amesema herufi zile si Kiswahili wala Kiingereza, na yeye anapinda sketi ya shule. Kisha akaniuliza kwa nini nisichukue rejista ya shule ya msingi, si umri wake umeandikwa mle?

Mtoto huyu atanimaliza.

Ndiyo, umeandikwa. Niliutaja mimi mwenyewe! Siku ile mwalimu alikuwa anawapima watoto, mkono upite juu ya kichwa ushike sikio la upande wa pili. Mkono wa Awoi haukufika. Nilirudi naye nyumbani nikauvuta wiki nzima, asubuhi na jioni. Tuliporudi ukagusa sikio kwa ncha ya kidole, nami nikamwongezea miaka miwili ili asifukuzwe. Kwa hiyo rejista inasema maneno ya Lokiru. Mungu akitaka kukuchapa hukupa fimbo uikate mwenyewe.

Bahati yangu shemeji hakanyagi shule. Anasema chaki inakausha ubongo.

Jumapili, 21 Januari

Baada ya misa nimeona kwa macho yangu: Lokiru na Chuol, wamesimama pamoja nje ya kanisa la kambini. Wanacheka! Nilijibanza nyuma ya akina mama wa kwaya. Nikasikia neno moja tu: ngozi.

Anakitaka kitabu. Atakinunua kiseme Lopiar.

Nikamfuata Lokiru mpaka kwenye laga, ule mto mkavu. Mwiba ukapenya ndala yangu, nikapiga kelele, akageuka. Akauliza, shemeji, umepotelewa na mbuzi? Nikasema ndiyo. Ningesema nini?

Basi akanisaidia kumtafuta. Saa nzima, jua la utosi, tunatafuta mbuzi asiyekuwepo. Aliuliza rangi yake, nikasema mweusi mwenye baka. Akampata! Akanikokotea mbuzi mweusi mwenye baka mpaka mlangoni. Mwenye mbuzi akafika nyuma yake na fimbo. Ameniita mwizi mbele ya majirani, na shemeji akanitetea kwa nguvu, akaapa kwamba mbuzi huyo anamjua tangu akiwa mdogo.

Baadaye Awoi akaniambia Chuol alikuwa anamwuliza Lokiru wapi atapata ngozi ya kulalia. Labda. Labda.

Jumanne, 23 Januari

Mpango mpya. Nimempelekea Chuol gunia la makaa, nikamweleza habari yote ya Awoi. Nililia kidogo. Mwanzo nililia kwa makusudi, kisha machozi yakaja yenyewe, nikashindwa kuyafunga.

Chuol alisogeza gunia kando. Akasema alikuwa na binti. Walipoteana walipokuwa wanavuka mto, watu wengi, risasi nyuma. Hajui ana miaka mingapi sasa. Hajui kama kuna mtu anamhesabia.

Kisha akasema Ijumaa atakuja. Hatasema uongo, lakini mzee mwenye kitabu kikuukuu watu humsikiliza, na atawaambia mtoto asiharakishwe.

Ayen alikuwa mlangoni, alisikia yote. Akaniletea legemat kwenye sahani, bure. Nikala. Tamu sana. Nadhani ni rushwa.

Alhamisi, 25 Januari

Ee Mungu wangu.

Niandike kwa utaratibu. Leo wakimbizi wote wanahesabiwa. Wameingizwa kwenye ua wa seng'enge tangu alfajiri, mzigo hauruhusiwi. Chuol akaniletea kitabu. Akasema mimi sihesabiwi, kwangu kitakuwa salama mpaka kesho. Akasema nisikifungue.

Nikakifungua nione kwa nini nisikifungue.

Maskini! Kimekauka kama mgongo wa kenge. Kingo zinapasuka, kurasa zinalia kama kuni. Mwanamke gani wa Kiturkana anaweza kuona ngozi katika hali hiyo akakaa tu? Vazi la ngozi la mama yangu limeishi kuliko mama yangu, kwa sababu lilipata mafuta. Wanaume wanatembea nchi tatu na kitabu, hawakipi hata tone. Nikamwonea huruma mzee. Nikasema nimfanyie wema, afurahi, kesho aseme kwa moyo.

Nikayeyusha mafuta ya mkia wa kondoo. Nikatia udongo mwekundu, kama inavyotakiwa. Nikapaka ukurasa wa kwanza, nikausugua kwa kiganja. Ngozi ikaanza kulainika. Nikaimba! Wa pili, wa tatu. Nilipofika mwisho nikarudi mwanzo kutazama.

Hakuna kitu.

Herufi zimeyeyuka. Nikafuta kwa kitambaa, zikaondoka zaidi. Nikakianika juani, mafuta yakachuruzika yakamaliza zilizobaki. Kitabu ni chekundu, kinang'aa, laini kama shavu la mtoto, na hakisemi lolote.

Nani alitengeneza wino dhaifu hivi? Wamenitega. Ayen alijua mimi nitakipaka mafuta! Lakini alijuaje? Ndiyo maana anajifunza Kiturkana.

Baada ya kulia nimefikiri. Kitabu kitupu hakiwezi kwenda kwa chifu. Nimechukua kalamu ya gumbaru. Inateleza kwenye mafuta, lakini nilikandamiza. Nimeandika: ZAMANI SANA WATU WA KALE WALISEMA ATAZALIWA AWOI BINTI EKURU. SASA ANA MIAKA 14. Nafasi ikabaki. Nikaongeza: LOKIRU NI MWONGO.

Buluu juu ya nyekundu. Inapendeza, kweli.

Ijumaa, 26 Januari

Naandika kabla sijalala.

Baraza lilijaa kwenye veranda ya chifu. Lokiru na shanga mpya. Lopeyok na kigoda chake na meno yake manne. Wazee. Chuol alifika macho mekundu, hakulala kwa ajili ya kuhesabiwa. Ayen alikuja na birika, maana palipo na watu yupo. Awoi alisimama nyuma yangu, sijui nani alimwita.

Nilimpa Chuol kitabu ndani ya plastiki, imefungwa mafundo manne. Nilitaka akae nacho hivyohivyo. Lakini chifu akasema kiletwe mezani. Akafungua. Harufu ya kondoo ikatoka, mbwa wawili wakasogea.

Chifu akasoma kwa sauti. Yote. Mpaka Lokiru ni mwongo.

Kisha chifu akaniuliza, Mama Awoi, hawa watu wa kale kalamu ya buluu walinunua duka lipi? Nikasema manabii huona mbali. Veranda yote ikalipuka. Ayen aliweka birika chini akacheka mpaka akashika nguzo.

Chuol hakucheka. Alikichukua kitabu, akakipitishia vidole, akakinusa. Hakunitazama. Nilitamani ardhi inimeze na ndala zangu.

Hapo Lokiru akasimama, kifua mbele kama jogoo. Alisema mmeona? Mwongo wa namna hii ndiye wa kuniamulia mtoto wa mdogo wangu? Akasema yeye anaikumbuka siku ile vizuri. Mwaka wa Lopiar. Alichinja dume mnono kwa mkono wake kumpokea mtoto, watu wakala siku tatu, mafuta yakawafika viwikoni!

Mzee mmoja, Nabei, alikuwa amesinzia pembeni. Akafumbua jicho moja. Dume mnono? Mwaka wa Lopiar?

Mwingine akauliza dume huyo alikuwa anakula nini, mawe?

Nabei akasema mwaka ule yeye alichemsha kiatu chake cha kushoto, na jirani akaja kuomba supu ya kamba. Wazee wakaanza kupiga kelele, kila mmoja na alichokula. Mizizi. Kigoda cha ngozi. Mmoja alikula ngoma ya kanisa.

Kisha Lopeyok akainuka. Polepole, fimbo kwanza. Akamwambia Lokiru: mwaka ule nilitembea siku mbili mpaka kwako, nikakuomba damu kidogo tu ya mifugo yako, watoto wangu wanywe. Uliapa huna hata mkia wa mbuzi. Kumbe ulikuwa na dume, ewe! Mnono! Watu wako mafuta mpaka viwikoni, wangu wanalamba mawe!

Lokiru akajikwaa maneno. Akasema hapana, mzee, nimechanganya. Haikuwa Lopiar. Ilikuwa baadaye, tulipokwisha kupata mifugo tena. Miaka miwili baadaye! Naapa kwa kaburi la baba, miaka miwili mizima!

Umeapa? akauliza chifu. Nimeapa, akasema shemeji. Chifu akahesabu kwa vidole mbele ya watu wote, akaandika: kumi na minne.

Lokiru alikaa chini kama gunia. Lopeyok akachukua kigoda chake, akasema hawezi kupeleka ngamia wake kwa mtu anayekula dume gizani. Akaondoka bila kuaga.

Chifu akamwuliza Awoi kama ana neno. Awoi wangu akasema, chifu, mama hajui nilizaliwa lini. Baba mkubwa hajui. Hata mimi sijui. Lakini shule inafunguliwa Jumatatu, hilo liko kwenye barua, na limeandikwa kwa taipu.

Niliwaambia watu ni binti yangu. Wote wanamjua, lakini niliwaambia.

Jumamosi, 27 Januari

Nimekwenda kwa Chuol na mbuzi wa fidia. Nilimwambia kila kitu, mafuta, udongo, kalamu. Nilisema anipige.

Akasema mtu mzima hapigwi. Kidole chake kikasugua ukingo wa kitabu. Akasema miaka mitano kilikuwa kinamkwaruza kifua kila anapolala. Jana kwa mara ya kwanza hakikumkwaruza. Sauti yake haikuwa ya furaha, wala haikuwa ya hasira. Mbuzi alimkataa. Akasema yote bado yako kichwani, lakini kichwa kinazeeka. Yeye hajui kuandika. Mimi najua.

Basi nimekaa kwake mchana mzima nikiandika kwenye daftari jipya, yeye anakariri macho kafumba. Akikosea, Ayen anamrekebisha kutoka jikoni, bila kugeuka. Miaka minne amekuwa akisikiliza, anakijua chote! Na anampakulia chakula bila kuulizwa. Kuna kitu hapo. Nitachunguza.

Tumeandika kurasa sita. Alisema wakati hauna mwanzo. Hapo nilirekebisha kidogo. Nimeandika una mwanzo, kwa sababu hakuna kitu kisicho na mama. Pia sikupenda ule mlima. Nimeweka kisima. Hajui kusoma, hatajua, na imekuwa bora.

Alhamisi, 1 Februari. Lodwar.

Siku ya nne. Awoi yuko shuleni, mimi nimelala kwa binamu yangu Asekon karibu na soko. Nilipaswa kurudi Kakuma Jumanne, lakini lori lilijaa. Jumatano halikujaa, ila dereva alinitazama vibaya.

Shule ina ukuta. Ukuta wa nini, kama hawafichi kitu? Nimeuzunguka mara tano. Askari wa getini, mtu mmoja wa Kitale mwenye miwani, amesema wazazi wanaruhusiwa kumwona mtoto mara moja kwa muhula. Mara moja! Hata mgonjwa wa hospitali anaonwa kila jioni. Nilimwambia nimeleta mandazi, akayapokea yeye. Asubuhi nilimwona ana sukari kwenye ndevu.

Jana nilipanda jiwe nikachungulia. Nilimwona Awoi anacheka na wasichana watatu. Amejifunza kucheka hivyo lini? Wao ni nani? Wazazi wao ni nani? Leo ametuma neno kupitia mpishi: mama, niko salama, nakula vizuri, nakupenda, shuka kwenye jiwe, nenda nyumbani.

Nimesoma neno hilo mara nyingi. Amelazimishwa kuliandika.

Asekon amenishauri nirudi, mandazi ya Kakuma yatachukuliwa na Ayen yote. Ni kweli. Nitarudi. Lakini kwanza nimeandika barua moja, ndefu, kutoka kwa daktari mkubwa wa moyo. Inasema mama wa mwanafunzi Awoi Ekuru ana ugonjwa adimu, na asipomwona mtoto kila Jumamosi anaweza kufa papo hapo getini, na shule itaulizwa. Sahihi nimeichora kama mnyoo aliyekanyagwa. Mwandiko wote nimeulaza upande wa kushoto, kama wa wasomi.

Naipeleka kesho asubuhi. Safari hii hawawezi kujua.